Dadu la Caesar: Kusoma na Kutafsiri Misemo ya Kale ya Kigiriki na Kilatini

Msemo wa kale wa Kigiriki au wa Kilatini humfikia msomaji wa leo ukiwa umeng'olewa mahali ulipoota: maneno mawili au matatu, jina la mtu mashuhuri chini yake, na mara nyingi tafsiri iliyokwisha kupitia lugha nyingine ya Ulaya kabla ya kuingia katika Kiswahili. Ufupi huo, ambao kwa mtazamo wa haraka huonekana kuwa nafuu kwa mfasiri, ndio chanzo cha ugumu wote, kwa kuwa katika maandishi marefu sentensi za jirani humwonya mfasiri anapopotoka, ilhali msemo uliosimama peke yake hauna jirani wa kumwonya, na kosa la herufi mbili laweza kuishi miaka elfu bila kushtukiwa.

Wagiriki wenyewe hawakuiweka misemo yote katika kapu moja. Walitenga "paroimia", yaani methali isiyo na mwenyewe, inayozunguka vinywani mwa watu. "Gnome", yaani kauli ya hekima inayotoa hukumu ya jumla kuhusu maisha. Na "apophthegma", yaani jibu au neno kali lililosemwa na mtu anayejulikana katika tukio linalojulikana. Mgawanyo huu una faida hadi leo, kwa sababu methali hutafuta methali mwenzake katika lugha pokezi, wakati neno lililosemwa na mtu fulani halina budi kutafsiriwa pamoja na mtu huyo na saa aliyolisema. Tatizo ni kwamba misemo iliyo maarufu zaidi huwa imeruka kutoka kundi moja hadi jingine, na hakuna mfano ulio bora kuliko ule wa Julius Caesar kwenye mto Rubicon.

Mnamo Januari mwaka 49 kabla ya Kristo, Caesar alifika kwenye mto huo mdogo wa kaskazini mwa Italia, uliokuwa mpaka kati ya jimbo alilolitawala na Italia yenyewe, na ambao jenerali hakuruhusiwa kuuvuka akiwa na jeshi. Kuuvuka kulikuwa ni kutangaza vita vya wenyewe kwa wenyewe. Suetonius, aliyeandika wasifu wake kwa Kilatini zaidi ya miaka 150 baadaye, anamnukuu akisema kwamba dadu limekwisha kurushwa, na kutokana na maandishi yake ulimwengu umepata msemo "alea iacta est". Plutarch, Mgiriki aliyeishi karibu na zama za Suetonius, anasimulia tukio lile lile, lakini anaeleza kwamba Caesar aliyatamka maneno hayo kwa Kigiriki, "anerriphtho kybos", na kwamba ulikuwa msemo uliozoeleka kwa watu wanaojitosa katika jambo la hatari lisilojulikana mwisho wake.

Tofauti ya matoleo hayo mawili haiishii kwenye lugha. Kitenzi cha Kigiriki kiko katika hali ya kuamrisha, na maana yake ni "na lirushwe", au kwa usahihi zaidi "na liwe limekwisha kurushwa", wakati kitenzi cha Kilatini kinatoa taarifa tu kwamba jambo limekwisha kutendeka. Anayetoa taarifa anatazama nyuma. Anayesema "na lirushwe" bado anatazama mbele, dadu likiwa mkononi. Erasmus wa Rotterdam, mwanazuoni aliyekusanya methali nyingi za kale kuliko mwingine yeyote wa zama zake, aliliona jambo hili na akapendekeza kwamba Suetonius huenda aliandika "esto", yaani "na iwe", na kwamba wanakili wa karne za kati waliidondosha herufi ya mwisho ikabaki "est". Pendekezo hilo halijawahi kuthibitishwa na hati, lakini lina mantiki, kwani hakuna kosa jepesi zaidi katika kunakili kwa mkono kuliko kudondosha herufi moja.

Kuna na jambo la kuchekesha kidogo. Maneno hayo ya Kigiriki yalikuwemo katika tamthilia moja ya kuchekesha ya Menander wa Athens, aliyeishi zaidi ya miaka 200 kabla ya Caesar, na kipande kilichosalia kinamwonyesha mtu anayeonywa asioe, naye anajibu kwamba ameshaamua, liwe litakalokuwa. Msemo ambao leo hubandikwa kwenye picha za majemadari ulikuwa, basi, jibu la bwana harusi mkaidi, na ikiwa Caesar alilijua chimbuko lake, jambo ambalo si ajabu kwa Mrumi aliyesoma, basi palikuwa na tabasamu pale mtoni ambalo tafsiri nzito za baadaye zimelifuta.

Kiswahili kinaufikia msemo huu kwa njia tatu, na zote hazilingani. Ya kwanza ni kufuata neno kwa neno, "dadu limerushwa", njia iliyo salama lakini baridi, tena si kamili, kwa sababu "alea" ya Kilatini hutaja zaidi mchezo wenyewe wa kamari kuliko kile kipande chenye pande sita, ambacho Warumi walikiita "tessera". Ya pili ni methali "maji ukiyavulia nguo huna budi kuyaoga", ambayo inabeba vizuri wazo la kutorudi nyuma, ila inapoteza bahati nasibu: anayevua nguo anajua kinachomngoja, mcheza kamari hajui. Ya tatu ni "liwalo na liwe", na hii ndiyo inayostahili kuchaguliwa kila inapotafsiriwa kauli ya Plutarch, maana ina amri ile ile ya nafsi ya tatu, ina giza lile lile kuhusu matokeo, na hutamkwa na watu wale wale, yaani wanaokaribia kujitosa. Kwa Suetonius, hata hivyo, haifai, kwa kuwa sentensi yake kama ilivyo katika hati haina "na iwe". Mfasiri mwaminifu atajikuta na tafsiri mbili za tukio moja, na hilo si aibu.

Hatari ya methali zinazofanana inaonekana pia katika msemo "speude bradeos", kwa Kilatini "festina lente", ambao Suetonius anasema Kaizari Augustus aliupenda. Mkono wa mfasiri wa Kiswahili huenda wenyewe kwenye "haraka haraka haina baraka", lakini methali hiyo inakataza haraka, wakati msemo wa Augustus unaiamrisha na kuifunga breki kwa pamoja. Mchapishaji Aldus Manutius wa Venice, ambaye mwaka 1508 alichapa toleo kubwa la methali za Erasmus lenye methali zaidi ya 3,000, alitumia nembo ya pomboo aliyejizungusha kwenye nanga, mnyama mwepesi na chuma kizito, na Erasmus akaeleza kwamba nembo hiyo ndiyo msemo wenyewe kwa picha. "Fanya haraka polepole" inakwaruza sikio, na inapaswa kukwaruza.

Erasmus huyo huyo ndiye anayelaumiwa kwa sanduku la Pandora, ambalo waandishi wa habari wa Kiswahili nao hulifungua kila palipo na kashfa. Katika shairi la Hesiod chombo hicho ni "pithos", mtungi mkubwa sana wa udongo, aina ya kasiki ya kuhifadhia nafaka, mvinyo au mafuta. Erasmus alipolisimulia kwa Kilatini aliandika "pyxis", kijisanduku. Kwenye gazeti sanduku na libaki, kwa kuwa limeshazoeleka. Anayemtafsiri Hesiod hana ruhusa hiyo.

Kuhusu majina yanayobandikwa chini ya misemo, tahadhari yahitajika zaidi leo kuliko zamani. Kauli kwamba ubora si tendo bali ni mazoea, ambayo husambazwa kila siku kwa jina la Aristotle, ni maneno ya Will Durant, Mmarekani aliyekuwa akifupisha mawazo ya Aristotle katika kitabu chake cha mwaka 1926. Maktaba za kidijitali kama Perseus ya Chuo Kikuu cha Tufts zimewezesha maandishi mengi ya kale kusomwa bure mtandaoni, hivyo kauli isiyotajiwa kitabu na sura ichukuliwe kuwa haijathibitishwa.

Kazi hii si ya wapenzi wa mambo ya kale pekee. Sheria za Afrika Mashariki zilirithi misemo ya Kilatini kupitia utawala wa Waingereza, na tangu mwaka 2021, sheria nchini Tanzania iliporekebishwa ili Kiswahili kiwe lugha ya sheria na ya mahakama, misemo hiyo inadai tafsiri. Chukua "audi alteram partem", kanuni inayomkataza hakimu kuhukumu kabla pande zote hazijasikilizwa. Kilatini kina maneno mawili yanayoweza kutafsiriwa "-ingine": "alius", mwingine miongoni mwa wengi, na "alter", yule wa pili kati ya wawili. Kwa hiyo "sikiliza upande mwingine" ni tafsiri legevu, inayoacha mlango wazi kwa upande wowote ule. "Sikiliza upande wa pili" ndiyo sahihi, nayo ndiyo iandikwe katika hukumu na katika vitabu vya sheria.