Viola: Msanii aliyeonyesha uzazi na mauti pamoja

MSANII wa video wa Marekani, Bill Viola, aliyefariki dunia Julai 12, 2024 akiwa na umri wa miaka 73, aliweka kuzaliwa na kufa kwenye ukuta mmoja.

Kazi yake ya mwaka 1992, “Nantes Triptych”, ina skrini tatu kubwa. Kushoto, mwanamke yuko katika uchungu wa kuzaa. Kulia, mama mzazi wa msanii huyo, aliyefariki mwaka 1991, yuko katika siku zake za mwisho. Katikati, mwanamume mwenye nguo mwilini anaelea majini, mara akihangaika, mara akitulia. Kwa takriban nusu saa husikika kilio, maji na pumzi, kisha picha zote huanza upya.

Maji hayo yana historia. Akiwa na miaka 6, Viola nusura afe maji ziwani, na baadaye alisimulia kuwa huko chini aliona uzuri mkubwa. Tangu hapo, watu katika kazi zake nyingi huzama na kuibuka.

Je, ilifaa kumpiga picha mzazi akikata roho? Ni swali zito, hasa kwa jamii zinazomsitiri mgonjwa. Hata hivyo, kamera yake haina papara. Hutulia mithili ya mtoto aliyeketi kando ya kitanda.

Viola mwenyewe aliugua Alzheimer, maradhi yanayofuta kumbukumbu. Picha za mama yake zimehifadhiwa katika jumba la Tate, Uingereza.