Kabla ya kununua dawa ya kiwele, ulizia rangi ya bakteria

WAFUGAJI wengi wa ng'ombe wa maziwa wakiona kiwele kimevimba na maziwa yana mabonge, hukimbilia duka la dawa za mifugo na kununua tyubu yoyote iliyopo. Ng'ombe asipopona, hununua nyingine, na hasara huongezeka.

Ugonjwa wa kiwele husababishwa na bakteria wa aina nyingi, na dawa inayoua hawa huenda isiwaguse wale. Njia ya kuwatenganisha ipo. Ilibuniwa na Hans Christian Gram, daktari wa Denmark aliyekuwa akifanya kazi mjini Berlin, na kuchapishwa mwaka 1884.

Maziwa huwa na mafuta mengi na bakteria wachache, hivyo maabara kwa kawaida huwaotesha kwanza kwa siku moja hivi. Kisha mtaalamu hupaka bakteria kwenye kioo, hukikausha na kukipitisha juu ya moto ili washike. Huweka rangi ya zambarau kwa dakika moja, ayodini dakika moja, halafu husuuza kwa spiriti sekunde chache. Mwisho huweka rangi nyekundu iitwayo safranini na kutazama kwa hadubini.

Bakteria wenye ukuta mnene hubaki na zambarau. Wenye ukuta mwembamba huipoteza na kuchukua wekundu. Staphylococcus na Streptococcus ni wa zambarau; E. coli, anayetoka kwenye kinyesi, ni mwekundu. Penisilini huwaweza Streptococcus wa kiwele, lakini kwa E. coli haifui dafu.

Tuchukue mfano wa ng'ombe anayetoa lita 10 kwa siku. Akitibiwa siku tatu, na lebo ikadai maziwa yasiuzwe siku nne zaidi, lita 70 zimemwagwa. Dawa ikiwa siyo, tiba ikarudiwa, ni lita 140. Zidisha kwa bei ya lita kijijini kwako, ongeza bei ya tyubu, kisha linganisha na gharama ya kipimo.

Rangi haimalizi kila kitu. Baadhi ya Staphylococcus ni sugu kwa penisilini, na mycoplasma, wasio na ukuta, hawaonekani kwa njia hii. Lakini inapunguza kubahatisha.

Sampuli ichukuliwe kabla ya dawa yoyote. Safisha chuchu kwa pamba yenye spiriti, tupa mikamuo ya kwanza, kamulia kwenye chupa iliyochemshwa na uipeleke maabara ikiwa ya baridi. Ng'ombe mwenye homa kali aliyeacha kula asisubiri majibu. Aitwe daktari wa mifugo mara moja.

Kwa mfugaji mmoja, hadubini ni mzigo. Kwa chama cha ushirika chenye kituo cha kukusanyia maziwa, ni kitega uchumi kinachostahili kujadiliwa katika mkutano ujao.