Ajuza Si Mchawi

Filamu za Kiswahili zinazotengenezwa Tanzania huvuka Ziwa Tanganyika na kutazamwa hata Rumonge, mji wa wavuvi na wa mawese, ambako Kiswahili ni lugha ya sokoni na ya mwaloni. Katika nyingi ya filamu hizo mwanamke mzee hupewa nafasi moja kati ya mbili: ama mchawi, ama mama mkwe mwenye kisirani. Watazamaji hucheka au huogopa, kisha hutawanyika. Lakini picha ile hubaki vichwani.

Madhara yake si ya kubuni. Katika sehemu za Shinyanga na Mwanza, vikongwe wameuawa kwa miaka mingi kwa sababu tu macho yao ni mekundu. Wekundu huo hutokana na moshi wa kuni na samadi waliopikia maisha yao yote. Mchezo wa kuigiza haushiki panga, lakini waweza kumpa muuaji kisingizio.

Hata hivyo, nafasi ya mwanamke mzee katika sanaa inabadilika. Fatma binti Baraka wa Zanzibar, yaani Bi Kidude, alitunukiwa tuzo ya WOMEX mwaka 2005 akiwa tayari mkongwe. Alifariki Aprili 2013, akiwa bado fahari ya taarab na unyago. Khadja Nin, mwimbaji aliyezaliwa Bujumbura mwaka 1959, aliketi Mei 2018 miongoni mwa waamuzi tisa wa tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa. Binti wa Burundi akawa mwenye kuhukumu kazi za wengine. Katika tamasha hilohilo wanawake 82 waliandamana kudai usawa, na mmoja wa waliosoma tamko lao alikuwa Agnès Varda, mtengenezaji filamu mwenye umri wa miaka 89.

Kwa askari na polisi, jambo hili si la starehe tu. Siku kundi la watu litakapomzingira bibi kizee na kumwita mchawi, atakayetazamiwa kumwokoa ni mwenye sare. Sheria hudai ushahidi, na macho mekundu si ushahidi. Askari aliyezoea kumwona ajuza kama mchawi wa filamu huenda akasita, na kusita kwa dakika chache kwaweza kugharimu uhai.

Wahenga walisema: penye wazee haliharibiki neno. Basi wazee hao na walindwe.