Mke wa Pili: Sheria Yamtambua Lini?



Hapa ofisini kwetu parokiani kina mama wengi hutujia baada ya matanga. Mmoja alikuja na watoto watano na picha moja tu ya siku mahari ilipopelekwa kwao. Alikuwa ameishi na mzee miaka 19, na hakujua kamwe kwamba mzee alifunga ndoa kanisani na mke wa kwanza. Siku ya mazishi akaulizwa, "Wewe ni nani hapa?"

Mafundisho ya Kanisa mnayajua: mume mmoja, mke mmoja. Lakini sheria ya serikali nayo ina mambo yake, na kutoyajua kunaumiza.

Ndoa ziko aina ngapi?

Sheria ya Ndoa ya mwaka 2014 inatambua aina tano: ya Kikristo, ya serikali, ya Kihindu, ya kimila na ya Kiislamu. Tatu za kwanza ni za mke mmoja tu. Za kimila na za Kiislamu zaweza kuwa za wake wengi.

Basi mwanamume aliyefunga ndoa kanisani au kwa Msajili hawezi kuongeza mke, hata kimila, maadamu ndoa ile ya kwanza haijavunjwa. Wengine husema, "Nimelipa mahari, yatosha." Haitoshi. Ndoa hiyo ya pili ni batili.

Je, mke wa kwanza lazima akubali?

Kwa ndoa ya kimila, sheria hiyo haidai kibali chake. Mswada ulikuwa na kifungu hicho, lakini Bunge lilikiondoa Machi 2014, na wabunge wanawake wakatoka nje kwa hasira.

Mume akifariki je?

Hapa mambo ni mengine. Sheria ya Mirathi, kifungu cha 3(5), yasema kwamba mwanamke aliyeolewa kwa mila inayoruhusu wake wengi atahesabiwa kuwa mke katika urithi, hata kama mume alikuwa na ndoa ya mke mmoja na mwingine. Lakini ni lazima athibitishe kwamba kweli aliolewa.

Kama hakuna wosia, mali hugawanywa kwa nyumba. Kila mtoto ni fungu moja, na kila mjane fungu moja. Tuseme mzee ameacha ekari 10. Nyumba ya kwanza ina mama na watoto watatu: mafungu manne. Ya pili ina mama na watoto watano: mafungu sita. Basi ekari nne huku, sita kule. Waislamu wana utaratibu wao wa mirathi, na mashamba ya baadhi ya wilaya za wafugaji pia.

Tena, Sheria ya Mali ya Ndoa ya mwaka 2013 yasema mali waliyochuma mume na mke wa kwanza kabla ya wa pili kuja ni yao wawili. Mke wa pili asije akidhani ataikuta ikimngoja.

Tufanye nini?

Dada, kabla ya kukubali posa, uliza: huyu bwana amefunga ndoa wapi, na nani? Waulize wazee wa kwao, uliza na parokiani.

Wale mlioana kimila, mpelekeeni Msajili wa Ndoa taarifa ndani ya miezi mitatu baada ya kukamilisha mila. Kisha ndani ya miezi sita nendeni wote wawili mkachukue cheti. Wekeni majina ya mashahidi wa mahari.

Mama yule alisaidiwa na wazee wawili waliokula mahari yake, maana walikuwa bado hai. Walisimama kortini, na jina lake likaandikwa pamoja na warithi wengine. Ilichukua miaka mitatu, na nauli nyingi. Lakini kama siku ile ya mahari wangekwenda kwa Msajili, ukweli ungejulikana mapema, naye angechagua mwenyewe.