Nchi Zilizohama Siku

Alhamisi ya tarehe 29 Desemba 2011 ilipofika saa sita usiku, Samoa iliingia moja kwa moja Jumamosi ya tarehe 31. Ijumaa haikuwapo. Waliozaliwa tarehe 30 Desemba hawakuiona siku yao mwaka huo, na waajiri walitakiwa kulipa ujira wa siku ambayo hakuna aliyeifanyia kazi.

Kilichofanyika ni kwamba nchi nzima ilivushwa Mstari wa Tarehe bila kisiwa hata kimoja kusogea. Mstari huo hupita Bahari ya Pasifiki, karibu na longitudo 180. Upande wake wa mashariki ikiwa Jumapili, upande wa magharibi ni Jumatatu. Wengi hudhani kuna mkataba uliouweka. Haupo. Mkutano wa Washington wa mwaka 1884 ulikubali longitudo zihesabiwe kuanzia Greenwich, Uingereza, lakini mahali pa kubadilisha tarehe haukupachorea mpaka. Kila serikali hujipangia saa na siku yake, na wachora ramani hufuata nyuma. Ndiyo sababu mstari wenyewe umekwenda upogoupogo.

Pinda kubwa kuliko yote ni la Kiribati. Taifa hilo lilipata uhuru mwaka 1979, likiwa na visiwa 33 vilivyotawanyika katika eneo la bahari la zaidi ya kilomita za mraba milioni 3, na mstari ukilikata vipande viwili. Makao makuu, Tarawa, yalikuwa magharibi. Kiritimati na visiwa vingine vya Line vilikuwa mashariki, siku moja nyuma. Mchukue karani wa Kiritimati anayesubiri idhini ya malipo kutoka wizarani. Asipoipata Alhamisi, basi tena: Ijumaa yake ni Jumamosi ya Tarawa, wizara imefungwa. Wizara ikifunguliwa Jumatatu, yeye yuko kanisani, kwake ni Jumapili. Katika wiki nzima zilibaki siku nne tu ambazo ofisi za pande zote mbili zilikuwa wazi kwa pamoja.

Teburoro Tito, aliyechaguliwa kuwa rais mwaka 1994, aliahidi kuumaliza mkanganyiko huo, na mwaka 1995 ulipoingia nchi yote ikawa na tarehe moja. Visiwa vya Line sasa viko saa 14 mbele ya Greenwich. Saa ya ukutani Kiritimati na ile ya Honolulu, Hawaii, zinakwenda sawa dakika kwa dakika, ila kalenda zinapishana siku nzima. Wapo walionung'unika kwamba Kiribati ilitaka tu kuuona mwaka 2000 kabla ya wengine ili ivune watalii. Ni kweli kwamba kisiwa chake cha Caroline kilipewa jina la Millennium. Hata hivyo, kwangu mimi serikali isiyoweza kuzungumza na watu wake siku tatu kila wiki haihitaji sababu nyingine.

Samoa yenyewe ilisukumwa na biashara, na si mara ya kwanza. Mwaka 1892 wafanyabiashara wa Kimarekani waliishawishi ihamie upande wao, ikawa na tarehe 4 Julai mara mbili. Mwaka huo kwa Wasamoa ulikuwa na siku 367. Miaka zaidi ya 100 baadaye wateja na jamaa zao wengi walikuwa Australia na New Zealand, kwa hiyo wakarudi walikotoka. Waziri Mkuu Tuilaepa Sailele Malielegaoi alikuwa amekwisha kuwahamisha madereva kutoka kulia kwenda kushoto mwaka 2009, ili magari ya nchi hizo mbili yaingie kwa urahisi. Ufilipino nayo iliruka tarehe 31 Desemba 1844, baada ya biashara yake na Meksiko kufifia.

Walioumizwa kichwa zaidi ni Wasabato wa Samoa. Siku ya saba ni ipi, ile inayoitwa Jumamosi na serikali, au ile iliyofuata mfululizo wa siku saba saba usiokatika? Uongozi wa kanisa ulishika mfululizo, hivyo ibada ikaangukia siku ambayo sasa inaitwa Jumapili. Baadhi ya waumini walikataa, wakaendelea na Jumamosi. Serikali inaweza kuifuta Ijumaa kwa sheria, lakini kumwamulia mtu siku ya kusali ni shughuli nyingine kabisa.

Samoa ya Marekani, jirani asiyefikia hata mwendo wa saa moja kwa ndege, haikuhama. Iko chini ya Washington, na upande wa Washington ndiko ilikobaki. Ukipanda ndege Apia, Samoa, asubuhi ya Jumatatu, utashuka Pago Pago, Samoa ya Marekani, Jumapili.