Mchagua Jembe si Mkulima: Maisha ya Anni Albers, Mfumaji na Mwalimu

Leo nataka kuwaeleza habari za mama mmoja aliyepewa kazi asiyoitaka, akaishika mpaka jina lake likajulikana duniani kote.

Kwanza niseme kwa nini habari zake zilinigusa. Tulipochagua masomo ya Kidato cha Tatu, mimi niliandika Kompyuta. Nafasi zikawa zimejaa, nikapelekwa Sayansi Kimu. Wee! Wavulana wenzangu walinicheka mpaka mbavu zikawauma. "Fundi cherehani, utatushonea lini?" wakawa wananiuliza kila tukikutana. Mwalimu wetu wa Sayansi Kimu aliponiona nimekunja uso siku nzima, aliniambia, "Kijana, nenda kasome habari za Anni Albers, kisha uje tuzungumze." Nikasoma. Haya ndiyo niliyoyapata.

Anni alizaliwa tarehe 12 Juni 1899 mjini Berlin, Ujerumani, katika jamaa yenye uwezo. Mwaka 1922 aliingia Bauhaus, chuo cha sanaa na ufundi kilichokuwa mjini Weimar. Chuo hicho kilikuwa kimetangaza kwamba wanawake watapokewa sawa na wanaume. Lakini maneno ni mengine na vitendo ni vingine: wanawake wengi walielekezwa kwenye karakana moja tu, ile ya ufumaji. Anni hakuupenda ufumaji hata kidogo. Aliona nyuzi ni vitu dhaifu, ni mambo ya kike tu. Yaani alifikiri sawasawa na wale walionicheka mimi! Ila njia nyingine hakuwa nayo, basi akaketi kwenye kitanda cha mfumi.

Hapa yafaa nieleze kidogo kazi yenyewe. Hebu tazama shati lako kwa karibu. Kuna nyuzi zinazokwenda kwa urefu. Hizo huitwa mtande. Nyingine hupita kwa upana, juu ya uzi mmoja, chini ya mwingine; huo ndio mshindio. Basi. Hakuna gundi wala msumari. Nguo hushikana kwa sababu nyuzi zinabanana. Sweta si hivyo. Sweta ni vitanzi vya uzi vilivyoshikana, na ndiyo maana ukivuta uzi mmoja inafumuka. Anni aligundua kwamba ukibadilisha mpango wa kupitisha nyuzi, au aina ya nyuzi zenyewe, nguo hubadilika tabia. Kumbe ni hesabu hiyo, ndugu zangu!

Mfano mzuri ni kazi aliyopatia stashahada yake mwaka 1930. Katika mji wa Bernau, karibu na Berlin, kulijengwa chuo cha vyama vya wafanyakazi, na ukumbi wake ulikuwa na mwangwi. Anni alifuma kitambaa cha kufunika kuta. Upande wa nyuma alitia uzi wenye manyoya manyoya ili unyonye sauti. Upande wa mbele alitia selofani, ile karatasi ang'avu inayofungiwa maua dukani, ili ung'arishe mwanga. Kitambaa kimoja, kazi mbili. Sasa nani atasema nyuzi ni dhaifu?

Mwaka 1933 Wanazi walikuwa wameshika serikali, na Bauhaus ikafungwa. Anni alikuwa wa ukoo wa Kiyahudi, kwa hiyo hatari ilikuwa mlangoni. Mwaka huohuo yeye na mumewe, mchoraji Josef Albers, walihamia Marekani kufundisha katika Black Mountain College, jimbo la North Carolina. Anni alifundisha hapo hadi 1949.

Namna alivyofundisha ndiyo iliyonipendeza zaidi. Aliwaambia wanafunzi wajifikirie wako nchi ya Peru, zama za kale, hawana chombo chochote. Waanze kutoka sufuri! Aliwatumia punje za mahindi, au herufi za taipureta zilizopigwa karatasini, ili waone sura ya nguo kabla ya kugusa uzi. Aliwafundisha kitanda cha kufungwa kiunoni: ncha moja hufungwa kwenye mti, nyingine kiunoni mwa mfumaji, naye huukaza mtande kwa kuegemea nyuma. Niliposoma hayo nilimkumbuka nyanya yangu akisuka kiondo. Yeye hana mashine yoyote; huviringisha uzi wa katani pajani, akaanza.

Anni hakuona aibu ya vitu vya kawaida. Pamoja na mwanafunzi wake mmoja, alitengeneza mkufu kwa kichujio cha sinki na vibanio vya karatasi. Mwaka 1949 Makumbusho ya Sanaa ya Kisasa ya New York yalionyesha kazi zake peke yake, naye akawa mfumaji wa kwanza kupewa heshima hiyo hapo. Mwaka 1965 alitoa kitabu kuhusu ufumaji, akawatunukia wafumaji wa kale wa Peru, aliowaita walimu wake wakuu. Mwalimu huyo naye alikuwa na walimu! Mwaka uliofuata, 1966, alikamilisha vitambaa sita virefu vya kuwakumbuka Wayahudi milioni sita waliouawa na Wanazi. Baadaye aliacha kufuma, akashika uchapaji wa picha, mpaka alipofariki tarehe 9 Mei 1994 katika jimbo la Connecticut.

Sisemi kwamba ni vizuri mtu kunyimwa anachokitaka. Wale wanawake wa Bauhaus walionewa, na mimi bado ningependa kusoma Kompyuta. Ninachosema ni kwamba ukishapewa jembe, kwanza lima uone.

Nilirudi kwa mwalimu, tukazungumza. Siku hizi wenzangu wakiniita fundi cherehani, nawauliza swali moja tu: "Katika hilo shati lako, mtande ni upi na mshindio ni upi?" Mpaka naandika makala haya, hakuna aliyenijibu.

Mwanachama, Kidato cha Tatu