Rachel Mwanza, msichana aliyeitwa mchawi

Wiki hii tunawaletea habari ya binti wa nchi yetu. Rachel Mwanza alikulia Kinshasa. Wazazi hawakuwa naye tena, akabaki kwa bibi yake. Shida zilipozidi nyumbani aliitwa mchawi, akajikuta barabarani pamoja na watoto wale ambao Kinshasa wanawaita shegué.

Huko barabarani alionekana katika filamu ya habari za kweli juu ya maisha ya watoto hao. Kim Nguyen, mwongozaji wa sinema kutoka Kanada, alimwona humo, akamchagua aigize Komona katika filamu yake Rebelle, iliyopigwa Kongo mwaka 2011. Komona ana miaka 12 anapotekwa na waasi. Kwa kuwa anaona wafu wanaomwonya adui akikaribia, mkubwa wa waasi anamfanya mchawi wake wa vita. Fikirini, wamama: jina lile lililomtoa nyumbani ndilo alilopewa kuigiza!

Rachel alikuwa hajui kusoma. Haikumzuia, maana Nguyen hakuwapa waigizaji hadithi iliyoandikwa. Walipiga picha siku kwa siku, kwa kufuata mwendo wa hadithi yenyewe.

Februari 2012, tamasha la Berlin lilimpa Dubu wa Fedha, zawadi ya mwigizaji bora wa kike. Mwaka 2013 Rebelle ikaingia kati ya filamu 5 za kigeni zilizoshindania Oscar. Lakini sisi tunaona kubwa zaidi ni hili: wenye filamu walishughulikia makao na masomo yake mpaka afike miaka 18. Mwaka 2014 kikatoka kitabu cha maisha yake, Survivre pour voir ce jour.

Neno "mtoto huyu ni mchawi" tunalisikia hata hapa Mikelenge, hasa juu ya yatima, au mtoto anayekojoa kitandani. Sheria namba 09/001 ya tarehe 10 Januari 2009, inayolinda watoto, inasema katika kifungu cha 160 kwamba anayemshtaki mtoto uchawi atafungwa mwaka 1 hadi 3 na kulipa faini ya faranga 200.000 hadi 1.000.000. Haimwachi pasta, wala shangazi, wala mama wa kambo.

Mama anayejua nyumba ambamo mtoto ameanza kuitwa hivyo, atuambie kabla hajafukuzwa. Tutakwenda wawili au watatu kuzungumza na wazee wa familia hiyo, bila kelele.